Kiti cha Nyuma

Nakumbuka siku ile lori letu lilipozima kwenye barabara ya Moyale, mwanangu, nami nikiwa kijana asiyetulia mahali. Shule nilikuwa nimeiacha mapema, kwa kutaka kujua barabara inaishia wapi, nikapata kazi ya kumsaidia dereva aliyepeleka majani ya chai kutoka Kericho hadi kwa wafugaji wa kaskazini.

Dereva alipoingia chini ya lori, mimi nikafuata kitu nilichokiona kati ya miiba. Ilikuwa mifupa ya ndege ya vita ya Waitaliano, ya zamani sana, bawa moja juu ya jingine, kitambaa kilichoyafunika chote kimeoza. Viti viwili vilibaki. Nikapanda, nikakaa kile cha nyuma.

"Toka hapo," mtu akasema.

Alikuwa mzee mfugaji na fimbo yake. Akaniuliza kama najua nimekalia kiti cha nani. Nikamwambia cha rubani. Akakataa. Rubani alikaa mbele. Huku nyuma alikaa mtu wa kutazama tu.

Akanisimulia kwamba alizaliwa ng'ambo, Ethiopia. Siku moja utotoni mwake, ndege kama hiyo ilizunguka juu ya malisho yao. Mama yake alisema ng'ombe wafichwe chini ya miti. Lakini kwao mgeni huonyeshwa mifugo, na watoto walijivunia ng'ombe wao. Wakawaswaga hadi kisimani, mahali peupe, wakapunga mikono.

"Na yule wa nyuma akatupungia," mzee akasema. "Tukafurahi sana. Siku chache baadaye zikaja nyingine, zikaenda moja kwa moja hadi kisimani. Mama alikuwa anateka maji."

Nilishuka kwenye kiti kile, na hadi lori lilipowaka sikuthubutu kutazama juu.

Sasa nimezeeka hapa karibu na Sotik, na hofu ile imenirudia. Wiki hii kuna kitu kidogo, mlio wake kama nyuki, kinachopita juu ya chai yetu kila asubuhi. Nimeuliza kiwandani, nimeuliza kwa chifu. Hakuna anayejua ni cha nani. Wachumaji wanakiinulia vikapu. Jana mjukuu wangu Chebet alikimbilia mahali peupe akipunga mikono yote miwili, nami na goti langu hili bovu nikamvuta hadi chini ya mti.

"Kugo, ni droni tu," akaniambia mimi babu yake, akinicheka. "Haina hata mtu ndani."

Hilo ndilo lililoninyima usingizi. Ile ya Waitaliano angalau ilikuwa na kiti.

Sikukatazi kushangaa, mwanangu. Mimi mwenyewe nimeishi kwa kushangaa. Lakini anayekutazama kutoka juu, uliza kwanza ametumwa na nani, na anayoyaona anampelekea nani. Kabla hujapata jibu, usimwonyeshe watoto wako wala mahali unapoteka maji. Watu wakikucheka, waache wacheke. Nataka kesho wawepo wa kucheka.

Nakisikia tena kikipanda kutoka mtoni. Chebet amekuja kusimama karibu nami chini ya mti, na leo hacheki. Mungu, anayetuona sote bila kututafutia mabaya, akufunike wewe na nyumba yako, mwanangu, mpaka kipite.