Kilele cha Kushoto

Mtembeza wageni wetu huwahesabu abiria kila tunaposimama, akigonga kiti kimoja kimoja kwa kidole: ishirini na wawili. Yeye hajihesabu. "Mimi si abiria," huniambia mimi dereva wake, "mimi mwenyeji." Shati lake halikunjiki hata tukirudi mjini jioni, na kipaza sauti hukishika kwa vidole viwili kama kikombe cha chai ya moto. Miaka minne sasa, tukifika kona ya mwisho kabla ya hoteli ya mlimani, hukohoa kidogo na kutangaza: "Mabibi na mabwana, kushoto kwenu, kilele!" Kushoto kuna ukungu. Kulia nako ukungu. Wageni huupiga picha ule wa kushoto na kumshukuru sana.

Jumamosi iliyopita alikohoa, akanyoosha mkono kushoto, na ukungu ukafunguka. Kushoto palikuwa na shamba la viazi na mbuzi mmoja. Mlima ulikuwa kulia, mkubwa, mweupe kichwani, umetulia tuli. "Kaka," akauliza bibi wa kiti cha mbele, "na huu je?" Nikasema moyoni, leo kaumbuka. Aliweka kipaza sauti chini, akaenda dirisha la kulia, akaomba apishwe, akabandika paji la uso kwenye kioo. Nilisimamisha gari bila kuambiwa. Tulipotaka kuondoka akahesabu tena, polepole, kiti kwa kiti.

"Ishirini na watatu," akasema. Sikumsahihisha.