Mkono wa Kushoto kwenye Besi ya Pili

Kuanzia 2015 hadi 2019 nilicheza besiboli Troyeville, Johannesburg, nikilinda besi ya pili, kituo cha pili kati ya vinne anavyopitia mkimbiaji, na sifa yangu ilikuwa moja tu: wa kutegemewa. Cheo hicho hupewa mtu asiyekumbukwa na yeyote mpaka siku asipokuja. Mwenzangu akiupiga mpira ukavuka uzio, watu walisimama kushangilia. Mimi nikiudaka wa ishirini unaobingirika vumbini, walikuwa wanatafuta soda.

Ndipo kocha wa klabu moja ya kaskazini, klabu inayolipa mishahara, akaja kunitazama. Mimi! Niliitaka nafasi ile kufa na kupona. Kazi yangu ya siku zote ilikuwa kulinda geti Sandton, kwa matajiri, nikiwafungulia watu ambao salamu kwao ni kodi.

Siku hiyo tulicheza na timu ya jirani, na ndani yake alikuwemo mzee wetu wa Tanga, aliyenipokea nilipoingia Johannesburg na kunipa godoro sebuleni kwake. Besiboli aliianza ili apunguze kitambi. Kitambi hakikupewa taarifa.

Mzee alikuwa amesimama besi ya kwanza. Ghafla, mpira ukiwa haujapigwa, akaanza kukimbilia kwangu, eti anaiba besi. Nasema kukimbia kwa heshima yake, alikuwa anasogea. Mdakaji wetu akanirushia mpira, ukatua kwenye glavu yangu huku mzee yuko mbali, kama ana muda wa kupitia chai. Kilichobaki ni kumgusa kwa glavu yenye mpira, basi, katolewa. Nilikuwa nimewatoa watu hivyo miaka yote, hata usingizini ningeweza.

Lakini glavu yangu huvaliwa kushoto. Nimguse mzee yule kifuani kwa mkono wa kushoto, mbele za watu? Mama yangu angelisikia hilo akiwa Tanga. Nikautoa mpira, nikauhamishia mkono wa kulia, nikainama kidogo.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba," akajibu akihema, mguu tayari uko juu ya besi, hatolewi tena. Hakuwa na uso wa mtu aliyeshinda.

Baada ya mchezo kocha mgeni aliniuliza kwa nini nilibadili mkono. Nikamweleza habari za adabu kwa Kiingereza changu cha getini. "Eish," akasema, akafunga daftari, akaenda kwenye gari lake.

Nilimkasirikia yeye, nikajikasirikia mwenyewe, nikaikasirikia Tanga nzima na malezi yake. Nikamfuata mzee, angalau nisifiwe kwa heshima yangu.

"Unajua nani alimleta yule kocha?" akaniuliza.

"Sijui, mzee."

"Mimi. Wiki tatu namsumbua, namwambia njoo umwone kijana wangu, mpira haumpiti." Akakishika kitambi kwa mikono miwili. "Sasa mtu mwenye hiki anaiba besi gani? Nilikimbia ili unitoe, mwanangu."