Foleni ya Nesitu

Wifi yangu alikuwa amekwisha kumpata mnunuzi wa cherehani yake ya pili siku aliponionyesha ile video. Ana kibanda cha ushonaji pale sokoni Custom, hapa Juba. Cherehani moja anaishonea mwenyewe, ya pili hushikwa na jirani yetu nguo za harusi zikizidi. Alitaka kuiuza hiyo ya pili ailipe kampuni ya matangazo, ile aina inayokodi vijana wenye wafuasi wengi mtandaoni waje wavae nguo zako, wacheze kidogo mbele ya simu, nawe ujulikane.

"Usinitazame hivyo, wifi," aliniambia. "Wewe mwalimu unalipwa hata kama hakuna anayekujua. Mimi nisipojulikana nalala njaa."

"Nani amekuambia walimu wa Juba wanalipwa?" nilimjibu, tukacheka.

Kwenye ukurasa wa kampuni kulikuwa na shuhuda za wateja. Nyingi zilikuwa picha ya uso na sentensi moja: kazi safi, Mungu awabariki. Nilimweleza taratibu, kama ninavyofanya darasani, kwamba kumsifu mtu si sawa na kueleza alichokufanyia. Mwenye duka aliyesaidiwa kweli atakuambia anauza nini, hali ilikuwaje kabla, nini kilibadilika, na ukitaka kumfuata umuulize, utampata.

"Hawa wote wanaweza kuwa wanamsifu kinyozi," nikasema.

"Haya, mwalimu. Msahihishe na huyu."

Akanifungulia video ya mama mmoja wa Uganda, amesimama mbele ya kibanda chake cha chapati kule Nesitu, kwenye barabara ya Nimule. Nyuma yake wanaume walikuwa wamepanga foleni mpaka ukingo wa lami. Mama anacheka: "Wateja iko mingi! Chapati inaisha asubuhi-asubuhi!" Kisha yakaja maandishi ya kuishukuru kampuni.

Uso upo, mahali papo, foleni ipo. Kwa kipimo changu mwenyewe yule mama alikuwa amefaulu, na wifi alilijua hilo. Nikamwomba amwambie mnunuzi angoje hadi Jumamosi, twende kwanza tukale hizo chapati.

Nesitu hatukukuta foleni. Tulimkuta mama yuleyule, jiko moja la mkaa, na dereva mmoja wa lori anakula akiwa ameegemea nguzo.

"Mama, foleni imeenda wapi?" wifi aliuliza.

"Foleni gani, nyabo?"

Wifi akamwonyesha simu. Mama akafuta unga mikononi, akatazama, akaanza kucheka, halafu kicheko kikamwishia.

"Hii ni ile siku lori imeanguka kule mbele! Gari yote imesimama hapa. Sasa watu watakula nini? Watakula lami?"

Dereva akasogea. "Mimi huyo hapo! Ona kofia yangu. Tulishinda hapa mpaka jioni."

Mama akatueleza. Vijana walikuja na simu siku ile, wakamuuliza kama wateja wapo, naye akajibu wapo wengi, maana walikuwepo. Wakala chapati na mayai, wakaondoka.

"Na hiyo kampuni iliwahi kukutangazia biashara?" nikauliza.

"Mimi? Mteja yangu ni dereva. Dereva anaona moshi, anasimama. Kalas, basi."

Hapo ndipo hasira iliponipanda, na haijashuka vizuri. Nieleze kwa nini. Maneno ya mama yalikuwa kweli tupu. Foleni ilikuwa kweli. Uongo ulikuwa pale vilipounganishwa, mahali ambapo macho hayaoni mshono. Mahali fulani mbele ya foleni ile kulikuwa na mtu lori lake limelala mtaroni na mzigo umemwagika, na shida yake ikageuzwa chambo cha kumtolea wifi yangu cherehani kibandani. Mimi niliyejiona najua kupima nilikuwa nimesahau swali moja: wateja hao, ni nini kiliwaleta?

Wifi hakungoja tufike mjini. Alipiga simu ya kampuni palepale, akaiweka sauti ya juu. Akapokea kijana mpole.

"Sista, ile ni mfano tu. Kila kampuni inafanya hivyo."

"Mfano wa nini?"

"Wa matokeo."

"Matokeo ya lori kuanguka?"

Kijana akageuza maneno: "Lakini video inamsaidia hata yule mama."

Mama akaivuta simu. "Inanisaidia nini? Toa sura yangu huko! Na mayai ulikula hukulipa!"

Dereva alicheka mpaka chai ikamwagika. Kijana akakata simu.

Jioni hiyo wifi alimwambia mnunuzi kwamba cherehani haiuzwi. Njiani hakuwa na furaha, na sikumlazimisha. "Sawa, tumewakamata," alisema. "Lakini bado sijulikani."

Nilimwambia aanzie hapo: awaulize wanaomjua wamemjuaje. Siku hizi mteja akiingia kibandani, kabla ya kupimwa kiuno, anaulizwa nani amemleta. Karibu wote wanataja gauni waliloliona kwenye harusi, kanisani, mgongoni mwa mtu wanayemfahamu. Sasa wifi anamwomba kila bibi harusi ruhusa aiweke picha yake mtandaoni mwenyewe, bila kampuni, na anaandika chini yake ni harusi ya kanisa gani.

Ile video ya Nesitu ingali mtandaoni. Nimeandika chini yake: foleni hii ni ya lori lililoanguka. Wakafuta. Nikaandika tena, wakafuta tena. Leo, kabla ya kuingia darasani, nimeandika upya, na nimempigia simu mama wa chapati aje ashuhudie chini yake kwa maneno yake mwenyewe.