Kazi Aliyorithi Elieza

Siku ya kuanua matanga ya marehemu Yoramu, mhudumu wa ofisi moja ya serikali mjini Tabora, ukoo ulikaa kijijini Usoke kugawa vitu vyake. Baiskeli ikaenda kwa mpwa, redio kwa mjomba. Shangazi Recheli, ambaye kikao asichokiongoza yeye hakihesabiki, akainua koti la marehemu na kumvika Elieza, mdogo wa Yoramu.

"Na kazi yake nayo chukua," akasema. "Watoto wa kaka yako wasije wakarudishwa huku wakaacha shule."

Wazee wa kanisa la Moravian wakaitikia amina. Nani wa kubisha? Shamba linarithiwa, jembe linarithiwa, zamani hata wajane walirithiwa. Kazi ina nini?

Elieza alikuwa mkulima wa tumbaku mwenye moyo mkubwa kuliko mavuno yake. Jumatatu akaripoti ofisini mjini. Akamwamkia shikamoo kila aliyepita, hata vijana ambao ndevu zilikuwa bado zinajishauri, akafagia korido, akachemsha chai ya tangawizi. Chai ya Yoramu, Mungu amrehemu, ilikuwa maji ya moto yenye huzuni. Basi ofisi ikanywa, ikasifu, na kila idara ikadhani huyu kaletwa na idara nyingine.

Wiki zikapita. Elieza akabisha hodi kwa Bi Flavia, afisa utumishi, kuomba likizo akavune tumbaku.

"Kwani wewe umeajiriwa lini?"

"Sijaajiriwa, mama. Nimerithi."

Flavia akaweka kikombe chini. "Umerithi nini?"

"Kazi ya kaka. Ukoo ulikaa, na mchungaji alikuwepo."

Flavia akacheka mpaka kilemba kikalegea. Kisha akaona macho ya mwenzake yamejaa machozi, akakaza kilemba. Akamweleza taratibu: mafao ya marehemu ni haki ya mjane na watoto, hayo yatafuatiliwa. Kazi yenyewe hairithiwi. Nafasi itatangazwa, watu wataomba, watafanyiwa usaili, na lazima uwe umemaliza kidato cha nne.

"Mimi niliishia la saba," Elieza akasema. "Basi watoto wanarudi kijijini."

"Nyumbani hakuna mwingine?"

Elieza akakuna kichwa. Ukoo mzima, naye akiwemo, haukuwa umemfikiria Benedikta, mjane mwenyewe, aliyemaliza kidato cha nne kabla hajaolewa. Siku ya mgawo alikuwa jikoni, anawapikia wagawaji.

Akarudi nyumbani kwa marehemu, alikokuwa akikaa, karibu anakimbia.

"Shemeji, acha kufua! Vyeti vyako viko wapi?"

"Vya nini tena?"

"Koti tulimvika mtu siye."

Benedikta akaomba nafasi ile. Jioni Elieza akawa anamfanyia usaili wa majaribio, kakunja uso juu ya kigoda kama mkurugenzi: "Bosi akisinzia kikaoni, wewe unafanyaje?"

"Namfunika shuka," Benedikta akajibu, akacheka kwa mara ya kwanza tangu msiba.

Akawashinda wenzake, akaajiriwa. Elieza akabaki mjini kuwaangalia watoto mpaka nyumba izoee.

Shangazi Recheli akapiga simu. "Nasikia mjane yuko ofisini, na wewe umejifunga kanga unasonga ugali! Si tulikupa kazi, Elieza?"

"Mlinipa watoto, shangazi, wote wako shule. Ngoja kwanza, mboga inaungua."