Mpishi Aliyekuja Kula Hekaluni

Mie sina muda wa kutunga. Anayetunga anatafuta sifa, na mie katika jambo hili nimepata kero tupu. Kwa hiyo ukitaka kuamini, amini, hutaki, acha. Lakini usinikatishe katikati, maana kila ninayemsimulia ananikatisha akiniuliza kama siku ile nilikuwa nimekula asubuhi. Nilikuwa nimekula. Chai na chapati, na sikuwa na homa.

Kazi yangu ni kutembeza wageni. Si wale wa mbugani, hao wana wenyewe. Mie natembeza watu wa hapahapa nchini, waliokuja Dar kwa harusi au matibabu wakabaki na nusu siku hawajui waifanyie nini. Ziara yenyewe fupi: asubuhi hekalu la Wabudha, upande wetu huu wa Kinondoni, kisha soko la Tandale kula vyakula vya pwani. Watu wanaipenda kwa sababu hawakuitegemea. Nani anajua kwamba mjini humu wapo watawa walionyoa vichwa, wamevaa mashuka ya rangi ya bizari, wanaokula kabla ya adhuhuri na baada ya hapo hawatii chakula mdomoni mpaka kesho yake?

Jumamosi hiyo nilikuwa na mtu muhimu. Mama Rehema, mwenye nyumba ya wageni kule Sinza, alitaka kuionja ziara yangu kabla hajaanza kunipa wageni wake wote. Unaelewa maana yake? Wageni kila wiki, bila kuzunguka stendi nikigawa vikaratasi. Alikuja na mtu na mkewe kutoka Morogoro, watu wapole, waliofikia kwake.

Getini akaungana nasi mama mmoja wa makamo. Mwembamba wa shingo, tumbo limemtuna chini ya kanga, miguu mitupu. Mie nikajua kaja na Mama Rehema. Mama Rehema naye akajua ni wangu. Wale wa Morogoro hawakujua lolote, wakamwamkia shikamoo, naye akaitikia marahaba kama mwenye nyumba.

Basi, balaa likaanza hapohapo. Nikiwaambia wavue viatu, yeye anasema nimechelewa, vumbi limeshaingia. Nikiwaonyesha sanamu kubwa ya Buddha aliyekaa amekunja miguu, macho nusu kafumba, nikaeleza kwamba yuko kwenye tafakuri, yule mama anaguna: "Au kachoka kukusikiliza."

Mama Rehema akacheka. Wallahi, nilitamani nimshike mkono nimtoe nje, ila mgeni wa mtu utamtoaje?

Siku hiyo waumini wa Kisri Lanka wanaoishi hapa mjini walikuwa wameleta chakula, maana kwao kuwalisha watawa ni ibada. Kabla hawajaanza kula, mtawa mmoja alimega wali kidogo akautoa nje, akauweka juu ya jiwe. Nikawaeleza wageni wangu kama nilivyofundishwa na Bhante. Bhante ndivyo tunavyomwita mtawa mkuu, kama mtu anavyosema Sheikh au Padri. Nikasema, kwao wanaamini kuna marehemu wanaotangatanga na njaa, tumbo kama ngoma, koo jembamba kama tundu la sindano. Wanakula hawashibi, kwa hiyo wanawekewa na wao.

"Nani kakwambia kama sindano?" yule mama akaniuliza. "Umewahi kuchungulia?"

Nikajifanya sikusikia, nikawasogeza wageni kivulini. 

Watawa walipomaliza ikawa zamu yetu. Tukaketi kwenye mikeka, tukaletewa wali mzito wa tui uliokatwa vipande kama mkate wa kumimina, dengu, na nazi iliyotwangwa na pilipili. Chakula kitamu, niamini, na kinatushangaza watu wa pwani maana tunakiona kama binamu wa chakula chetu. Yule mama akatia tonge mdomoni. Akatafuna, akatafuna. Kisha akasema kwa sauti ya kusikika ukumbi mzima: "Tui la pili hili. La kwanza mmempa nani?"

Bhante akainua macho. Akamtazama yule mama, tumbo mpaka shingo, halafu akanitazama mie. Kiswahili chake cha polepole, lakini kimenyooka.

"Huyu ni mgeni wako?"

Ningesema nini mbele ya Mama Rehema? Kwamba siwajui watu niliowaleta?

"Ndiyo, Bhante. Mgeni wangu."

"Una hakika?"

"Nina hakika. Utusamehe kwa maneno yake."

"Basi mlishe mpaka ashibe," akasema, na wala hakutabasamu.

Nikachukulia ni ukarimu tu. Tulipotoka nje kutafuta bajaji, yule mama alikuwa bado ananawa mikono bombani. Nikamwambia Mama Rehema tumsubiri mgeni wake.

"Mgeni wangu?" akashangaa. "Si wako yule? Mie nilikuwa najiuliza umemtoa wapi mtu wa kutukera namna hii."

Tukatazamana, tukacheka. Tukasema ni mdandiaji, kaona pa kula bure. Tukapanda bajaji mbili tukaondoka zetu, na sikufichi, nilishukuru.

Tukafika Tandale kwenye kibanda cha Bi Zuhura, mama lishe ninayempelekeaga wageni wangu wote. Nani yuko kwenye benchi? Yeye. Mbele yake sahani ya mihogo ya nazi, vitumbua na samaki wa kupaka, na mashavu yanatafuna.

Sikuogopa. Nilikasirika. Nilidhani kapanda bodaboda akatupita njiani.

"Mgeni wako kafika mapema," Bi Zuhura akaniambia, kanuna. "Anasema mihogo yangu haina chumvi. Mihogo yangu mie!"

Nikawaketisha wenzangu mbali naye, wakapakuliwa. Mama Rehema akala kijiko cha kwanza, akala cha pili, akakiweka chini.

"Mbona hakina ladha?"

Nikaonja. Ilikuwa kama kutafuna karatasi iliyoloweshwa. Si kwamba chumvi ilipungua. Hapakuwa na nazi, hapakuwa na ndimu, hapakuwa na kitu. Wateja wa meza nyingine nao wakaanza kusukuma sahani. Bi Zuhura akachota sufuriani akaonja mwenyewe, uso ukambadilika. Akamfuata yule mama, upawa mkononi.

"Dada, wewe ni nani? Umekifanya nini chakula changu?"

Yule mama akafungua mdomo ajibu. Ilikuwa mchana kweupe, jua linawaka, soko limejaa watu. Nikaona kila alichokula tangu asubuhi. Wali wa hekaluni, dengu, mihogo, samaki, vyote vimo mashavuni, vimetafunwa, hakuna kilichoshuka. Na kule nyuma, pale koo linapoanzia, nyama imeziba laini kama kiganja cha mkono, katikati pana katundu. Usiniulize kalikuwa kadogo kiasi gani. Tundu la sindano, niliwaambia watu asubuhi, na sikukosea.

Na bado sauti ikatoka safi, kama mtu ambaye hana kitu mdomoni: "Mgeni wako nina njaa."

Yule mwanamke wa Morogoro alipiga ukelele. Benchi zikaanguka. Mama Rehema, na mwili wake ule, aliwapita vijana kwa mbio. Bi Zuhura akanitupia upawa: "Wewe ndiye uliyemleta, muondoe!" Naye akatimka.

Mie nikabaki. Utasema jasiri. Jasiri wapi, benchi zilizoanguka zilikuwa zimenizibia njia. Kilichobaki ni mdomo, na hasira.

"Mama," nikamwambia, "umeniharibia kazi, umenifukuzia watu, umemtia hasara Bi Zuhura wa watu. Unataka nini kwangu?"

Hapo kwa mara ya kwanza hakukosoa. Alitazama sufuria.

"Mie nilikuwa mpishi," akasema. "Harusi za watu nimepika mie, hitima za watu nimepika mie, majiko matatu kwa mpigo. Nimekufa kwenye chumba cha kupanga. Majirani walinizika jioni ileile, Mungu awalipe, wakarudi makwao. Hakuna aliyeinjika hata chai. Nikasikia kule kwa walionyoa vichwa wanawawekea wenzangu, nikaenda. Lakini kila nikifika nakuta wenzangu wana wenyeji wao, mie sina. Leo nimempata."

"Umenipata mie?"

"Si umesema mwenyewe? Ukaulizwa mara mbili."

Nikarudi hekaluni mbio, jasho linanitiririka. Bhante alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema kile asichoweza kukimeza yule mama, wakile wengine, na thawabu zake apewe yeye. Nikamwambia Bhante, mie Muislamu, hilo hata kwetu lipo, ni sadaka ya marehemu.

"Basi kwa nini unaniuliza mimi?" akasema.

Kesho yake nikapika pale pale kwa Bi Zuhura. Alikubali kwa kununa, kwa sababu chakula chake kilikuwa bado hakina ladha. Wali wa nazi na maharage, sufuria kubwa la kuazima. Na yule mama amesimama nyuma yangu tangu nakuna nazi mpaka nageuza wali. Moto mkali huo. Usikoroge hivyo. Tui la kwanza linaingia mwisho, nani kakufundisha? Bi Zuhura alimwona, akakaa mbali akisoma dua zote anazozijua. Wapagazi wa sokoni wakafika, wakanawa, wakala. Kila mmoja wao alipomeza, nililiona koo la yule mama likipanda na kushuka. Akashika shingo kwa mikono miwili. Machozi yakamtoka, kimya, hakuyafuta.

Sufuria lilipokwisha akasema, "Chumvi imezidi kidogo." Nikageuka nimjibu, maana nilikuwa nimechoka kweli, nikakuta ukuta.

Chakula cha Bi Zuhura kikarudiwa na ladha. Unadhani yaliishia hapo? Na mie nilidhani hivyo. Mpaka leo, nyumbani kwangu Bunju, sili chochote kikawa na ladha kabla sijampa mtu mwingine sahani. Chai yangu ni maji, ugali wangu pamba. Nikishampa mtu, ladha inarudi. Kwa hiyo napika mara mbili kila siku. Mume wangu analalamika mkaa hautoshi. Mtaani wanasema nataka udiwani. Mama Rehema aliapa hataniletea mgeni hata mmoja, halafu sasa ananiletea, lakini wa aina gani? Wanaotaka kupiga picha na yule mama! Nawafukuza.

Sasa nisikilize vizuri. Ukiwa na kundi ukaona sura usiyoijua, uliza mapema kaja na nani. Usione haya. Na ukiulizwa kama una hakika, usijibu haraka ili kulinda heshima yako. Na kuna kubwa kuliko hayo: jirani yako akifa peke yake chumbani, msitoke makaburini mkaenda kulala. Injikeni kitu, hata uji, wanywe watu wawili watatu, mumtaje jina.

Mie lake silijui. Nilimuuliza siku ile nikipika, akaniambia niangalie moto, wali unaungua.