Mikro Chini ya Benchi

Mkubwa wa masomo pale shuleni alinipangia watoto sita wa kupigwa picha, wote wamevaa soksi. "Hawa ndio wanajua," akaniambia. Nikamjibu kwamba filamu yangu ni ya wale wanaoshindwa, na sikukalia piki-piki siku nzima kutoka Kasongo, mgongo ukiniuma, ili nipige picha za soksi. Hakucheka.

Niliyemtaka alikaa benchi la nyuma: msichana wa darasa la nne, aliyekuwa anarudilia mwaka kwa mara ya pili. Baba yake, mkulima wa upande wa Wamaza, alinieleza bila kunificha. Akianguka tena, anapelekwa Salamabila kwa shangazi yake, kuwapikia wachimba dhahabu. Alikuwa na miaka kumi na miwili. Nilimkasirikia baba, halafu nikaona kwamba amechoka tu.

Darasani masomo yalikuwa kwa Kifaransa. Mwalimu aliuliza, mikono ikapanda, msichana wangu akatazama meza. Siku tatu hivyo hivyo. Nikaanza kumwamini mkubwa wa masomo, na kuliandika hilo naona aibu.

Siku ya nne, kabla watoto hawajaingia, nilifunga mikro ndogo ya kunasa sauti chini ya benchi lake. Mchana nikakaa pembeni kusikiliza. Mwalimu anauliza kwa nini mpunga unapenda udongo wa bondeni. Kabla wengine hawajaitwa, sauti ndogo inanong'ona kwa Kiswahili: maji yanakaa pale, na mvua inashusha udongo muzuri kutoka juu. Swali jingine, jibu jingine. Mara nyingine alijibu kwa Kibangubangu, lugha ya kwao. Kifaransa alikuwa anakielewa chote. Kilichomshinda ni kukitoa mdomoni. Hasira ilinishika.

Siku walimu walipokaa kupitisha alama, niliingia ofisini bila kualikwa, kamera begani, nikawasikilizisha ile sauti niliyoinasa.

"Mama," akasema mkubwa wa masomo, "mashini yako haitoe pointi hapa."

"Basi mumuulize mwenyewe, kwa Kiswahili. Mimi sitoki."

"Na kamera?"

"Inabaki inawaka. Mukimwangusha, watu wataona vile mumemwangusha."

Walitazamana. Mwisho mwalimu wake akainuka, akaenda kumwita. Msichana alisimama mbele yao, miguu mitupu, akamsikiliza mwalimu akimweleza yote: mikro, maswali, na majibu yake tuliyoyasikia. Kisha akanigeukia mimi.

"Mama, zima hiyo."

Nilimwambia polepole kwamba kamera ndiyo inayomlinda.

"Wewe pia ulinisikiliza bila kuniuliza," akasema.

Nilizima, nikatoka, nikakaa nje karibu na baba yake, aliyekuja kungoja matokeo. Kupitia dirisha tuliisikia sauti ya msichana, mwanzo chini, halafu kwa nguvu. Baba alivua kofia na kuishika magotini mpaka mlango ulipofunguliwa.

Msichana alipita darasa. Ile sauti ya benchini tuliifuta pamoja, yeye mwenyewe akibonyeza. Walionipa kazi wanalalamika mpaka leo kwamba filamu imekosa sehemu yake kubwa. Walalamike. Wakiitaka sana, waende Wamaza wamuulize mwenyewe kama atakubali kusema tena, na akikataa warudi mikono mitupu.