Ulimi wa Baba

Sauti ya tupa ikikwaruza jiwe ndiyo iliyoniamsha kila asubuhi, katika nyumba yetu ya vyumba viwili kwenye mtaa wa Waafrika, Élisabethville, enzi za Wabelgiji. Baba alikuwa mchongaji wa malakiti, lile jiwe la kijani litokalo kwenye machimbo ya shaba. Alichonga tembo, misalaba na visahani vya majivu ya sigara za wazungu. Vumbi lake lilituingia hadi kwenye uji, na mimi, bintiye wa miaka tisa, niliringa kwamba sisi tunakula rangi.

Malakiti likikauka huficha michirizi yake. Likilowa, yote hujitokeza. Wachongaji wengine walilipangusa kwa kitambaa chenye maji. Baba, mkaidi kupita kiasi, alililamba. Alilamba, akaligeuza juani, akapiga tupa, akalamba tena, kutwa nzima. Kiangazi kimoja, majira ambayo kwetu huwa na baridi, mzungu mmoja aliagiza mamba mkubwa, na kwa kuukimbia upepo wa baridi Baba akahamia kuchongea ndani, mlango umefungwa. Kikohozi kikaanza, kisha tumbo. Mate yake yakawa ya kijani.

Muuguzi wa zahanati alimwambia waziwazi kwamba jiwe lile linamuua. Mama alimsihi mpaka sauti ikamkauka. Mimi nikaja na ujanja wangu: nikakaa kando yake na bakuli la maji, nikawa nalilowesha jiwe kila alipoliweka chini.

"Papa, angalia, mistari yote inaonekana," nilimwambia.

Akanitazama kwa huruma, kana kwamba mgonjwa ni mimi. "Mutoto yangu, macho inaona mistari. Ulimi njo inasikia kama jibwe iko na ufa. Mamba ikipasuka, tutakula nini?" Akalamba.

Nilimchukia siku ile, nikampenda vilevile, na sikuwa na la kufanya. Mamba alikamilika bila ufa hata mmoja. Baba tulimzika kabla ya mvua za kwanza.

Leo hapa Lubumbashi, ndiyo Élisabethville ya zamani, vijana wanakata malakiti kwa mashine inayomwagiwa maji, na baadhi yao huvaa barakoa. Nawaonea wivu, sifichi. Wajukuu wangu huniuliza kwa nini hatukumnyang'anya lile jiwe, wanadhani hatukujua. Tulijua sote, Mama, mimi, hata majirani. Na kila jioni tulinawa mikono, tukala bukari, ugali wetu wa huku, aliotutafutia yeye, tukashiba.